Mmepatana rufaani. Hukumu ya chini mmeiacha wapi?

Pande mbili zikipatana wakati rufaa iko mahakamani, mara nyingi huandika hati kana kwamba kesi ndiyo kwanza inaanza: huyu atalipa kiasi fulani, yule ataridhika, na hakuna atakayemdai mwenzake tena. Wanasaini, wanapeana mikono, wanaondoka. Wanasahau kwamba kwenye rufaa tayari kuna hukumu na tuzo ya mahakama ya chini, yaani amri rasmi inayosema nani anapata nini, na tuzo ile haifi kwa sababu wenyewe wameelewana. Hati isiyosema tuzo hiyo inafanywa nini ni hati nusu, na nusu iliyobaki huja kukamilishwa na dalali wa mahakama.

Nazungumzia mashauri ya madai Tanzania Bara. Namba za vifungu ni za Toleo la 2019 la sheria zetu. Linganisha na Toleo la 2023 kabla ya kunukuu mahakamani.

Kuondoa rufaa peke yake hakutoshi

Wazo la kwanza la wengi ni mkata rufaa aiondoe rufaa yake. Kwa Mahakama ya Rufani, Kanuni ya 102 ya Kanuni za mwaka 2009 inamruhusu kuwasilisha taarifa ya maandishi kwamba haendelei nayo, na pande zote zikiwasilisha maandishi ya kuridhia, rufaa inaondolewa kwenye orodha. Aliye na taarifa ya kusudio la kukata rufaa tu, ambaye hajasajili rufaa yenyewe, anaiondoa taarifa hiyo kwa Kanuni ya 89. Karatasi chache, kazi imekwisha.

Tatizo ni kinachobaki. Rufaa ikiondoka, hukumu iliyokuwa inalalamikiwa inabaki nzima. Chukua mfano wa kubuni: mahakama ya chini imeamuru mkata rufaa alipe sh. 84,000,000, pamoja na riba na gharama. Rufaani wanapatana kwa sh. 75,000,000. Mkata rufaa anaondoa rufaa, analipa sh. 30,000,000, halafu awamu inayofuata inachelewa mwezi mmoja. Mjibu rufaa anarudi mahakama ya awali na kuomba kukaza, yaani kutekeleza kwa nguvu ya mahakama, tuzo ya sh. 84,000,000. Mdaiwa anatoa hati ya mapatano iliyokuwa kabatini kwake. Hapo anakutana na Amri ya XXI, kanuni ya 2 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33: malipo au mapatano yaliyofanyika nje ya mahakama, ambayo hayakuthibitishwa na kurekodiwa, mahakama inayokaza hukumu haiyatambui. Rufaa ameshaiondoa kwa mkono wake, na muda wa kukata nyingine umepita.

Njia iliyo salama ni kuiomba mahakama inayosikiliza rufaa irekodi mapatano na kutoa tuzo kwa mujibu wake. Msingi wake ni Amri ya XXIII, kanuni ya 3: mahakama ikiridhika kwamba shauri limemalizwa, lote au sehemu, kwa makubaliano halali, itaamuru yarekodiwe na itatoa tuzo inayolingana nayo. Kanuni hiyo inataja mashauri ya awali, lakini sheria hiyohiyo inaipa mahakama inayosikiliza rufaa mamlaka yale yale ya mahakama ya awali, hivyo Mahakama Kuu na mahakama za wilaya huitumia kwenye rufaa bila shida. Mahakama ya Rufani haiongozwi na Sura ya 33, inafuata Kanuni zake na mamlaka yake ya asili. Nayo hurekodi mapatano. Juu ya yote hayo kuna Ibara ya 107A(2)(d) ya Katiba, inayozitaka mahakama kukuza na kuendeleza usuluhishi baina ya wanaohusika katika migogoro. Jaji hatakununia ukimletea hati ya mapatano. Atakununia ukimletea hati mbovu.

Ipo njia nyingine, inayofaa pale rufaa yenyewe ina ugonjwa: ilisajiliwa nje ya muda, au kumbukumbu zake zina kasoro ya kuiua. Usiegemeze mapatano juu ya rufaa ya namna hiyo, maana mahakama ikisema hakuna rufaa halali mbele yake, hakuna pia mahali pa kuyarekodi. Hapo ondoa rufaa, kisha peleka mapatano mahakama ya awali yarekodiwe kama marekebisho ya tuzo kwa kanuni ya 2 ya Amri ya XXI niliyoitaja. Fanyeni yote kwa siku zinazokaribiana, na mjibu rufaa asaini ombi hilo kabla taarifa ya kuondoa rufaa haijawasilishwa.

Hesabu kwanza, maneno baadaye

Mazungumzo mengi hukwama kwa sababu kila upande una hesabu yake kichwani. Kaeni na kalamu. Amri ya XX, kanuni ya 21 inaweka riba ya deni la hukumu kuwa asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu mpaka deni liishe, au kiwango kingine kisichozidi asilimia 12 kama pande zimekubaliana kwa maandishi. Kwa sh. 84,000,000, asilimia 7 ni sh. 5,880,000 kwa mwaka. Ikiwa miaka 3 imepita tangu hukumu, riba ni sh. 17,640,000, na deni limefika sh. 101,640,000 kabla ya gharama za kesi. Riba hii haizai riba. Nimeona majedwali ya mawakili yanayoijumlisha kila mwaka kama mkopo wa benki, na hapo mazungumzo huvunjika kwa tofauti ambayo kisheria haipo.

Sasa sh. 75,000,000 inasomeka vingine. Mjibu rufaa anasamehe zaidi ya sh. milioni 26, lakini anapata fedha sasa badala ya kusubiri rufaa na baadaye kuhangaika na kukamata mali. Mkata rufaa anaacha nafasi yake ya kushinda. Kila mmoja ajue anachoacha kwa tarakimu, maana asiyejua ndiye anayerudi baada ya miezi sita kulalamika kwamba alidanganywa.

Gharama za kesi ziwe na aya yake. "Kila upande utabeba gharama zake" haitoshi, kwa kuwa haisemi gharama za ngazi gani. Mahakama ya chini iliamuru gharama kwa mshindi, na Kanuni za Malipo ya Mawakili za mwaka 2015 zinampa siku 60 kuwasilisha orodha yake ya gharama. Pengine alishaiwasilisha na ikaamuliwa. Andikeni: gharama za mahakama ya awali, ikiwemo zile zilizokwisha kuamuliwa, na gharama za rufaa hii, zimesamehewa; au zimo ndani ya sh. 75,000,000, au zitalipwa kando na ni kiasi hiki.

Aya ya kuvunja ahadi

Hapa ndipo hati nyingi zinapolegea. Mdaiwa asipolipa awamu, nini kinatokea? Wengine huandika kwamba "tuzo ya awali itarejea". Inasikika vizuri, ila inazaa tuzo mbili: ile ya mahakama ya awali na ile ya mapatano. Siku ya kukaza, upande mmoja unashika hii, mwingine ile, na mnaanza kesi ndani ya kesi. Mimi naona ni bora tuzo ya chini ifutwe na nafasi yake ichukuliwe na tuzo ya mapatano, na adhabu ya kuchelewa iwekwe ndani ya tuzo hiyohiyo moja. Kwa mfano wetu inaweza kuandikwa hivi:

"Mkata rufaa anakiri kwamba hadi tarehe ya hati hii anadaiwa na mjibu rufaa sh. 101,640,000. Mjibu rufaa anakubali kupokea sh. 75,000,000 kuwa malipo kamili endapo zitalipwa kama ifuatavyo: sh. 30,000,000 siku ya kusaini, na sh. 45,000,000 kwa awamu 5 za sh. 9,000,000, kila awamu ikilipwa kabla au ifikapo tarehe 5 ya mwezi, kwenye akaunti iliyotajwa katika Kiambatisho A. Awamu yoyote ikichelewa kwa zaidi ya siku 14, nafuu hii itakoma, na sh. 101,640,000, baada ya kutoa kiasi kilichokwisha kulipwa, zitadaiwa zote mara moja, na mjibu rufaa ataomba kukaza tuzo hii bila kufungua shauri jipya."

Angalia kukiri kulivyowekwa mwanzoni. Kunafanya sh. 101,640,000 liwe deni lenyewe, na sh. 75,000,000 iwe punguzo lenye sharti. Mngeandika kwamba akichelewa atalipa sh. 150,000,000, hiyo ni faini, na kifungu cha 74 cha Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kinampa mdai fidia ya kiasi cha haki tu, si kila tarakimu mliyoandika. Siku 14 za nafasi nazo si za mapambo; benki hukwama, sikukuu huangukia Ijumaa, na hakuna haja ya mapatano ya milioni 75 kufa kwa siku moja.

Kinachokatazwa kabisa ni tarehe inayotegemea jambo lisilo na uhakika. "Atalipa mara nyumba ya Mbezi itakapouzwa" haikazwi. Isipouzwa miaka 4, hajavunja chochote. Weka tarehe, kisha ongeza kwamba nyumba ikiuzwa kabla ya tarehe hiyo, fedha zitatoka hapo kwanza.

Ardhi: hatua si mita

Kwenye migogoro ya viwanja, mapatano ya kawaida ni kugawana: mkata rufaa abaki na upande wa nyumba, mjibu rufaa achukue upande wa barabara. Kisha mnaandika "eneo la hatua 20 kwa 30 upande wa mashariki". Hatua za nani? Mtu mrefu na mtu mfupi wakipima eneo hilo wanaachana kwa mita kadhaa, na mpaka ndio ulioanzisha kesi. Dalali wa mahakama akifika kukabidhi hawezi kubuni mpaka, atarudisha jalada mahakamani, nanyi mtaambiwa tuzo haitekelezeki.

Mlete mpima kabla ya kusaini. Achore ramani yenye vipimo kwa mita, alama za pembeni na majira ya nukta (namba zinazoonyesha mahali hasa ilipo kila alama), pande zote zisaini ramani, na iwe kiambatisho. Kama kiwanja kina hati, andika namba ya hati, kiwanja na kitalu, na useme nani atagharimia kugawa hati hiyo. Tuzo ya mahakama haikufutii kodi wala ada za uhamisho. Ushuru wa stempu na kodi ya ongezeko la mtaji vitaulizwa na ofisi ya ardhi na Mamlaka ya Mapato (TRA) vilevile, hivyo semeni mapema ni mzigo wa nani. Kama nyumba ni ya ndoa, mwenza asaini kuridhia, kwa sababu kifungu cha 59 cha Sheria ya Ndoa kinamlinda, na mwenza aliyeachwa nje atakuja na zuio lake.

Nani anasaini

Wakili anaweza kusaini, lakini mteja naye asaini. Wakili aliyesaini peke yake anaacha nafasi kwa mteja kusema hakumtuma. Kwa kampuni, ambatisha azimio la bodi linalomtaja mtu aliyeruhusiwa kusaini na kiwango cha mapatano. Kwa mali ya marehemu, anayesaini ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, si mtoto mkubwa wala baba mdogo. Hakikisha pia kwamba mirathi haijafungwa. Mtoto chini ya miaka 18 akiwa mhusika, rafiki au mlezi anayemwakilisha lazima aombe kwanza ruhusa ya mahakama, na ruhusa hiyo ionekane kwenye kumbukumbu. Bila hivyo mapatano yanaweza kutenguliwa kwa ombi la mtoto. Kwa halmashauri, wakala au shirika la umma, tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 Mwanasheria Mkuu wa Serikali ni lazima aunganishwe, na kiutendaji mazungumzo yanapita kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Mkurugenzi wa halmashauri akikuambia "mimi nimekubali", bado hujapata mapatano.

Asiyejua kusoma asomewe hati kwa lugha anayoielewa, aweke dole gumba, na aliyesoma aandike na kusaini kwamba alisoma na akaeleweka. Hati yenyewe iandikeni kwa Kiswahili. Tangu Sheria Na. 1 ya 2021, Kiswahili ndicho lugha ya mahakama, na hakuna sababu ya mtu kusaini Kiingereza asichokisoma halafu aje kudai hakuelewa.

Wahusika wote wa rufaa wasaini. Wakiwa wajibu rufaa watatu na wamepatana wawili, inawezekana, kwa kuwa kanuni inaruhusu mapatano ya sehemu ya shauri. Ila hati iseme wazi rufaa inaendelea dhidi ya nani na kwa sababu zipi za rufaa.

Saa haisimami

Mazungumzo hayasimamishi muda. Kutoka mahakama ya hakimu mkazi au ya wilaya kwenda Mahakama Kuu, rufaa dhidi ya tuzo ni siku 90. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ni siku 45. Kutoka mahakama ya mwanzo kwenda ya wilaya ni siku 30. Kwa Mahakama ya Rufani, taarifa ya kusudio ni siku 30 tangu uamuzi, na rufaa ni siku 60 tangu taarifa hiyo, ukiacha muda wa kusubiri nyaraka ulioidhinishwa na Msajili. Kuomba kuongezewa muda kwa sababu "tulikuwa tunazungumza" ni ombi dhaifu mno. Sajili rufaa, endelea kuzungumza.

Vilevile rufaa peke yake haizuii kukaza hukumu. Ukipewa taarifa ya kukaza wakati shauri liko Mahakama ya Rufani, Kanuni ya 11 inakupa siku 14 tu kuomba zuio. Kama zuio lilishatolewa kwa dhamana ya benki, hati ya mapatano iseme dhamana hiyo inaachiwa lini: siku ya kusaini, au baada ya awamu ya mwisho? Mjibu rufaa mwenye akili hataiachia kabla.

Barua zote za mazungumzo ziandikwe juu kabisa "bila kuathiri haki", ili mapatano yakishindikana pendekezo lako la sh. milioni 60 lisije kusomwa mbele ya jaji kama kukiri deni.

Yasiyoingia kwenye hati

Makubaliano lazima yawe halali. Kesi ya jinai haifutwi kwa hati ya madai. Aya inayosema "mjibu rufaa ataondoa jalada polisi" inaweza kuharibu hati nzima, kwa kuwa kununua kimya cha mashtaka ni kinyume cha sera ya umma. Talaka haitolewi kwa makubaliano pekee, mahakama lazima iridhike kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika. Mgawanyo wa mali unaweza kukubaliwa. Wala hamuwezi kuipa mahakama mamlaka ambayo haina, au kugawana ardhi ya mtu asiye kwenye kesi. Mtu huyo ana njia ya kuomba mapitio, na kwa Mahakama ya Rufani ana siku 60.

Kuna pia maneno ya Amri ya XXIII ambayo wengi huyaruka: tuzo hutolewa kwa kadiri makubaliano yanavyohusu shauri. Mkiongeza gari, shamba la Kilosa na deni la harusi ambavyo havikuwa kwenye kesi, ahadi hizo zinaweza kubaki mkataba wa kawaida. Akivunja, utafungua shauri jipya. Yatenganisheni tangu mwanzo kwenye mkataba wa pembeni.

Siku ya kurekodi

Hati inasajiliwa kwenye jalada la rufaa, na pande zote zinaomba tarehe ya karibu. Nendeni wenyewe pamoja na mawakili. Jaji atauliza kila mmoja kama ameisoma, ameielewa na amesaini kwa hiari. Jibu liwe ndiyo au hapana. Anayeanza kueleza "ndiyo, ila ile awamu ya tatu…" atarudishwa nje wakamalizane. Akiridhika, ataamuru irekodiwe. Hakikisheni amri inasema mambo mawili kwa maneno yake: kwamba hukumu na tuzo ya chini imefutwa na nafasi yake kuchukuliwa na tuzo ya mapatano, na kwamba hati ni sehemu ya tuzo hiyo. "Rufaa imemalizwa kwa mapatano" pekee haitoshi.

Baada ya hapo hakuna kurudi kirahisi. Kifungu cha 70(3) cha Sura ya 33 kinazuia rufaa dhidi ya tuzo iliyotolewa kwa ridhaa. Kuitengua kunahitaji sababu ambazo zingetengua mkataba: udanganyifu, njama, kutofahamu jambo la msingi, au makubaliano yanayopingana na sera ya mahakama. Msimamo huo ni wa tangu kesi ya Hirani dhidi ya Kassam, 1952, na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ikaurudia katika shauri la Brooke Bond Liebig dhidi ya Mallya mwaka 1975, lililotoka hapa kwetu. Kenya nao wanaufuata, wakitumia Amri ya 25, kanuni ya 5 ya Kanuni zao za mwaka 2010. Kujuta si sababu. Kwamba wakili mwingine amekuambia ungeshinda rufaa, nayo si sababu.

Chukua nakala ya tuzo iliyothibitishwa siku za mwanzo, usisubiri mgogoro. Ombi la kukaza hupelekwa mahakama ya awali, hata kama tuzo ni ya juu, na muda wake ni miaka 12. Kila awamu ilipwe benki, kamwe si mkononi, na stakabadhi zitunzwe pamoja na tuzo. Awamu ya mwisho ikilipwa, pande zote zisaini taarifa kwamba tuzo imetekelezwa kikamilifu, iwasilishwe mahakama ya awali na irekodiwe. Nakala yake moja iende ofisi ya ardhi kama kulikuwa na zuio kwenye hati ya kiwanja, nyingine benki kama kulikuwa na dhamana au akaunti iliyoshikiliwa. Zuio na dhamana haviondoki vyenyewe.